Chakula cha Mdaiwa

Mama Melania hajui kupika chakula cha mtu mmoja. Si kwamba hataki, mkono wake ndio umekataa. Ukimpa kilo moja ya unga anaitazama kama mtu aliyepewa kibiriti chenye njiti moja. Kwa miaka kumi na moja alisonga ugali wa watu arobaini kwenye kambi ya mtambo wa tajiri mmoja, Januari, kule Mwakitolyo. Sasa anakaa peke yake Nyasubi, Kahama mjini, chumba na sebule, na bado kila siku saa saba mchana anafunua sufuria ambalo ungeweza kumuogeshea mtoto. Halafu anavuta kigoda, anakaa kando yake, analitazama.

Jina lake hasa ni Bhoke. Alitoka Tarime na binti mgongoni na mwiko kwenye mzigo, akimfuata mume aliyesema ametangulia machimboni Geita kutafuta nyumba. Nadhani nyumba za huko ni adimu sana, maana mpaka leo anatafuta. Yule binti wa mgongoni, Melania, ni mwalimu wa chekechea Mtwara. Hupiga simu Jumapili, kama bando lipo.

Mimi nilimfahamu mtamboni. Nilikuwa natunza stoo, kazi niliyoiangukia baada ya diploma yangu ya ugavi kufa mwaka wa kwanza, siku ileile ada ilipokufa. Kila asubuhi nilimtolea unga, mafuta na dagaa, naye kila asubuhi aliniambia nimepunja dagaa, na kila asubuhi ilikuwa kweli. Baadaye, kwenye kesi, nikawa mdai namba saba. Nitafika hapo. Sina haraka ya kufika.

Ule mtambo ulikuwa wa kuchenjua marudio, yaani ule mchanga ambao wachimbaji wameshauosha, wakatoa dhahabu yao na kuuacha. Januari aliununua kwa lori, akaumwagia dawa kwenye matangi mpaka uteme kilichobaki. Mtu anayeishi kwa kukamua kilichokwisha kukamuliwa, ukishangaa anavyowalipa watu wake, shida iko kwako.

Tajiri wetu huyo alikuwa na vidonda vya tumbo. Maharage yalimkunja, pilipili ilimlaza. Kwa hiyo Mama Melania alimpikia pembeni. Asubuhi uji wa ulezi. Saa nne kamili, michembe: viazi vitamu vilivyokatwa vipande na kuanikwa juani, anavichemsha taratibu, anavichanganya na karanga alizozitwanga mwenyewe. Wasukuma wote tunakula michembe, ila Januari alikuwa anaiabudu. Akishamaliza bakuli anafuta midomo na kusema mbele ya watu wote:

"Jamani, huyu si mpishi. Huyu ni dada yangu."

Tulimwonea wivu. Hatukujua kwamba ule ulikuwa utetezi, jamaa anaufanyia mazoezi.

Jumatatu moja tukakuta jiko lina kufuli. Mitambo ilikuwa inapakiwa kwenye malori kwenda Geita. Hakuna barua, hakuna kwaheri, na mishahara ya miezi minne iko hewani. Tukajikusanya watu tisa, tukaenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Januari alikuja na shati jeupe, akasema sisi wanane tulikuwa vibarua wa kutwa, na wa tisa, huyu mama, hakuwa mfanyakazi kabisa.

"Ni dada yangu," akasema. "Aliishi kwangu, akala kwangu. Dada akikupikia unamlipa mshahara?"

"Dada wa baba mmoja au mama mmoja?" mwamuzi akamuuliza.

"Wa chungu kimoja."

Tulicheka wote, isipokuwa mwenye chungu. Mama Melania alikaa na mikono mapajani, anatazama viatu vya Januari. Tume ikatupa ushindi, watu wote tisa, na yeye ikamtaja kwa jina kuwa alikuwa mwajiriwa. Tulitoka tunarushana juu kama timu iliyochukua kombe. Yeye alibaki kwenye ngazi. Nikamuuliza, mama, mbona hufurahi?

"Tume imesema," akajibu. "Yeye hajasema."

Hapo ndipo kesi yake ilipoachana na yetu, ila sisi tulichelewa kuona. Sisi tulikuwa tunadai hela. Yeye hela alikuwa anaidai pia, kwani nani asiyekula? Lakini alikuwa anataka yule mtu afungue mdomo wake mwenyewe na kusema: huyu alikuwa mpishi wangu.

Januari hakulipa. Alifanya jambo la akili zaidi, alitupigia simu mmoja mmoja. Ngusa, aliyekuwa kiongozi wetu na aliyeapa kufa na sisi, alipewa usimamizi wa karasha la kusaga mawe Geita. Tabu, msaidizi wa jikoni, alipewa friji. Mimi nilipewa pikipiki iliyotumika, ikazima wiki ya tatu. Kila aliyepewa alisaini karatasi kwamba hadai tena. Watu wanane, kalamu nane. Simu ya Mama Melania peke yake ndiyo haikuita.

Ngusa alitumwa kwake. Alifika mchana, akakuta sufuria, akala sahani mbili kwanza ndipo akaeleza kilichomleta. Ngusa ni mtu wa utaratibu.

"Mama Melania, wewe bosi anasubiri umwendee. Nenda kama dada. Mpikie siku mbili tatu, atakupa."

"Atanipa nini?"

"Atakachokupa."

"Ngusa, nimepika miaka kumi na moja. Nikapike tena ndiyo nilipwe ya kupika?"

Ngusa akacheka, akanawa, akaondoka. Hakurudi. Wala Tabu hakurudi, wala mimi. Zamani Jumapili tulikuwa tunajazana pale sebuleni tunakula na kumsema Januari. Ukishasaini, ule ugali unakuwa na mifupa. Majirani nao walijitenga kidogokidogo. Mjini kwetu mtu mwenye kesi na tajiri ni kama mtu mwenye upele: unamsalimia kwa mbali, unamtakia heri, unahama upande wa barabara. Alibaki yeye na sufuria lake. Waliofaidi ni mbwa wa Nyasubi. Mwaka ule walinenepa mpaka wakawa hawabweki, wanahema tu.

Akaanza safari za Shinyanga, Mahakama Kuu, kukazia ile tuzo, yaani kulazimisha uamuzi wa Tume utekelezwe. Alibeba karatasi zake kwenye mfuko wa unga alioufua na kuupiga pasi. Anaondoka alfajiri, anarudi jioni, hana wa kumwambia imekuwaje, basi analisimulia sufuria. Hili si langu, aliniambia mwenyewe. "Nilikuwa naliambia, leo hakimu alikuwa mgonjwa. Nikisema kwa sauti nalala vizuri."

Dalali wa mahakama alikwenda kukamata mali, akakuta hakuna mali, kuna majina ya watu. Ndipo mahakama ikamwamuru Januari afike aeleze kwa kiapo ana nini na kiko wapi. Hakufika. Ikaamuru tena. Hakufika. Karani mmoja, Suzana, msichana mwenye miwani mikubwa kuliko uso, akamvuta mama pembeni.

"Mama, ili mahakama iseme huyu ameidharau, lazima ijue kwamba amri imemfika mkononi. Wapeleka wito wetu kila mara wanaambiwa hayupo."

"Yuko Geita."

"Geita ni kubwa, mama."

"Kubwa," mama akakubali, "lakini saa nne ni moja."

Suzana hakuelewa. Mama Melania akaomba nakala ya amri, akapanda basi akaenda Geita, akashukia sokoni Kalangalala. Hakuulizia Januari. Aliulizia michembe. Alipita kwa wauzaji akiuliza nani ananunua ile myeupe isiyo na ukungu, debe zima, kila wiki, na anaichagua kipande kwa kipande kama mtu anayenunua dhahabu. Muuzaji wa tatu akamwonyesha kwa mdomo: nyumba yenye geti la bluu, na anayechagua ni mke wa tajiri, tena ana maneno.

Akamtafuta mjumbe wa mtaa, mama mmoja anaitwa Swaumu, aje kushuhudia. Swaumu alikubali kwa sababu hakuwa na kazi nyingine asubuhi ile. Saa nne kamili wakapiga hodi. Geti likafunguliwa, na Januari alikuwa barazani, meza mbele yake, bakuli linafuka moshi.

"Mama Melania! Dada yangu! Karibu michembe."

Mama akasogea, akachungulia bakuli. Hakuweza kujizuia.

"Karanga zimeungua."

"Si ndiyo nasema! Tangu umeniacha sijala vizuri."

"Sikukuacha, Baba Adam. Uliweka kufuli."

Akatoa amri ya mahakama kwenye mfuko wa unga, akampa. Januari akaipokea, akaikunja mara mbili, akaiweka mezani, na juu yake akapandisha bakuli.

"Meza hii inaungua haraka," akamwambia Swaumu kwa adabu kabisa. "Karatasi ya serikali ni nzito. Inafaa."

Akaendelea kula.

Swaumu, ambaye mpaka hapo alikuwa amesimama tu, akafungua daftari lake la ujumbe na kuanza kuandika. Naye ni mwandishi asiyeacha kitu. Kwa hiyo kiapo kilichorudi Shinyanga kilisema: mdaiwa aliipokea amri kwa mkono wa kulia, akaikunja, akaiwekea bakuli la michembe juu, akala mpaka mwisho, akaomba maji. Suzana alipokisoma alilazimika kuvua miwani afute machozi ya kucheka. Naibu Msajili hakucheka. Alikisoma mara mbili, akaagiza polisi wamfikishe Januari mahakamani Alhamisi fulani, aeleze kwa nini asifungwe kwa kuidharau mahakama.

Na hapo ndipo wageni walipoanza kuja Nyasubi.

Alikuja kwanza Zipora, mke wa Januari, na mashemeji wawili. Kesho yake wazee wa kanisa. Halafu Adam, mtoto wa kwanza wa Januari, na viatu vyake vya kuchongoka. Ngusa akarudi, akanipitia na mimi, nikaenda, nimekaa nyuma ya mlango kama ndoo. Tulikuwa tumetumwa wote kusema lilelile: amsamehe. Baada ya miezi kumi na minane ya kula peke yake, sebule ya Mama Melania ilijaa mpaka watu wakakaa kwenye magunia. Alipika kama yuko Mwakitolyo. Alikwenda huku na huku na mwiko, uso unang'aa, anauliza nani hajapata mboga. Sijawahi kumwona ana raha vile, na sikuwahi kuona aibu vile.

"Mama Melania," mzee mmoja wa kanisa akaanza, "mtu huyu ni ndugu yako."

"Ongeza dagaa, mzee."

"Utamfunga ndugu?"

"Hayo tutayaona Alhamisi. Kula kwanza."

Jumatano mchana Melania alipiga simu, si Jumapili, kwa sababu habari zilikuwa zimefika hadi Mtwara. Mama akaweka simu kwa sauti kubwa, mikono yake ilikuwa na unga.

"Mama, nasikia wanakuja watu kukusihi. Wamekuja wangapi?"

"Leo kumi na wanne."

"Wanasemaje?"

"Wanasema chakula kitamu."

"Mama, ukishaamua, watakuja tena?"

Mama aliizima ile sauti kubwa, akaenda kuongea uani. Sote tulianza kula kwa bidii.

Zipora ndiye aliyeondoka wa mwisho siku hiyo. Aliacha bahasha chini ya sahani yake. Mama aliiona alipokuwa anakusanya vyombo, akatoka mbio mpaka barabarani, lakini gari lilikuwa limeshakata kona.

Alhamisi Shinyanga, chumba cha Naibu Msajili kilijaa watu wa Januari. Upande wa Mama Melania kulikuwa na mfuko wa unga. Mimi nilikuwa nimekaa katikati, kwenye benchi la watu wasiojua wamekuja kwa nani.

Januari aliulizwa ana mali gani. Akasema hana. Nyumba ni ya mke, gari ni la shemeji, mtambo ni wa Adam.

"Na lile bakuli ni la nani?" Naibu Msajili akauliza.

Watu wakacheka. Januari naye akacheka, alidhani mambo yanalainika.

"Mheshimiwa, huyu mama ni dada yangu. Haya ni mambo ya nyumbani, tumekula pamoja miaka. Tuyamalize nyumbani."

"Mwombaji unasemaje?"

Mama Melania akasimama. Alikuwa amevaa kitenge kilekile alichovaa Tume.

"Mheshimiwa, naomba nimuulize jambo moja tu. Akilijibu, mimi nampa miezi sita, alipe kidogokidogo, nami naenda zangu."

Akaruhusiwa. Akamgeukia.

"Baba Adam, mimi nilikuwa nani kwako? Sema hapa, karani aandike."

Chumba kizima kilijua jibu. Neno lenyewe fupi. Suzana alikuwa ameshainua kalamu. Nilimwona Januari akimtazama mkewe, akawatazama wazee wa kanisa, akamtazama Adam. Miaka yote hiyo aliwaambia watu hawa kwamba yeye alimwokota mama wa watu njiani akamfanya ndugu. Sasa aseme mbele yao kwamba alimtumia bure?

"Wewe ni dada yangu," akasema.

Mama akatikisa kichwa taratibu, kama mtu aliyeonja mboga akakuta haina chumvi.

"Basi, mheshimiwa, afungwe mpaka aeleze."

Naibu Msajili akaandika muda mrefu. Halafu akaweka kalamu chini na kusema kwamba kwa kifungo cha madai cha namna hii, anayeomba mtu afungwe ndiye anayetanguliza gharama za chakula cha mfungwa, mwezi baada ya mwezi. Je, mwombaji yuko tayari kumlisha mdaiwa?

Shemeji mmoja wa Januari akapasuka kwa kicheko, wakamfuata wengine, benchi zima. Adam alipiga paja. Miaka kumi na moja, na bado amlishe! Mama Melania aliwaacha wamalize. Akaingiza mkono kwenye mfuko wa unga, akatoa bahasha.

"Hii aliiacha mkewe jana chini ya sahani yangu. Sijaifungua. Mnihesabie. Kama inatosha, imrudie tumboni."

Suzana akahesabu. Ilitosha mwezi na ikabaki. Kicheko kilikuwa kimeisha.

"Na mheshimiwa," mama akaongeza, "naomba iandikwe: asipewe maharage. Yanamkunja."

Januari alipokuwa anatolewa na askari aligeuka kumtazama. Sikuona hasira. Aliniudhi kwa sababu alionekana kama mtu aliyesahau kitu nyumbani.

Nje, wazee wa kanisa walipita mbele ya mama kama unavyopitwa mti. Ngusa alijifanya anafunga kamba za viatu. Alikuwa amevaa ndala. Mama akasimama getini na mfuko wake, akasubiri basi la Kahama. Mimi nilikuwa na pikipiki, siku hiyo inawaka. Nilisema nitamsubiri aniangalie ndipo nimwite. Hakuniangalia. Nikaondoka.

Jumapili iliyofuata hakuja mtu Nyasubi. Hata ile simu haikuita, bando huko Mtwara lilikuwa limeisha.

Gereza lilimweka Januari siku kumi na moja. Ya kumi na mbili aliomba karatasi, akaapa. Akataja nyumba, gari, mtambo, na karasha ambalo Ngusa alidhani ni la kwake. Na kwenye aya ya sita, kwa sababu wakili wake alimwambia lazima aeleze deni limetoka wapi, iliandikwa: Bhoke alikuwa mpishi wangu kwa miaka kumi na moja. Akalipa nusu, nusu nyingine akapangiwa tarehe, akatoka. Anailipa, nasikia, tena kwa wakati.

Nilikwenda kumwona mama mwezi uliopita. Nilikaa barabarani kama nusu saa kabla ya kupiga hodi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, namba saba. Ingia."

Ile aya ya sita ameitoa nakala, akaitia leminesheni na kuitundika ukutani, mahali ambapo watu huweka picha ya harusi. Sufuria lilikuwa mezani, saa saba na dakika chache. Akanipakulia bila kuuliza.

"Unategemea wageni?" nikauliza.

"Sitegemei."

Nikala. Alinitazama kila tonge. Nikataka kumwambia kuhusu pikipiki, kuhusu ile kalamu, nikakuta mdomo umejaa, nikashukuru.

"Suzana aliniambia kule ndani walimpa maharage," akasema. "Ya karatasi yote wanafuata, la maharage wameruka." Akafuta meza iliyokuwa safi. "Sijui siku hizi nani anamtwangia karanga."

"Mama, mtu mwenyewe alikudhulumu."

"Najua alichonifanya. Nimeuliza karanga."

Akaniongezea ugali. Nilikula mpaka mkanda ukalalamika, kwa sababu ndicho kitu pekee nilichoona naweza kulipa. Nilipoaga, alinisindikiza mpaka mlangoni, akarudi kwenye kigoda chake. Sufuria lilikuwa bado limejaa robo tatu.